Rangi ya Ngozi: Jua, Chakula na Nasaba

Wako watu wengi wanaoamini kwamba siri ya rangi ya binadamu ni nyepesi kuifumbua. Husema kwamba penye joto watu ni weusi, na penye baridi watu ni weupe, na mambo yamekwisha. Maneno hayo husikika shuleni, husikika sokoni, na husikika hata katika mwalo wa Rumonge, kwenye pwani ya Burundi ya Ziwa Tanganyika, wakati wachuuzi wa samaki wanapongojea mitumbwi irudi alfajiri. Kwa mtazamo wa haraka hayana kosa. Mvuvi wa Rumonge ni mweusi na nchi yake ina joto; mkulima wa Norwe ni mweupe na nchi yake ina baridi.

Hata hivyo, uko ushahidi unaoikataa kanuni hiyo, nao unatoka katika nchi ambazo baridi yake haina mfano. Huko kaskazini ya mbali, katika barafu za Greenland, Kanada na Alaska, wanaishi Wainuiti, watu ambao zamani wageni waliwaita Waeskimo. Kama baridi ndiyo ingekuwa inawafanya watu kuwa weupe, basi Wainuiti wangekuwa weupe kupita watu wote duniani. Lakini sivyo. Ngozi yao ni ya maji ya kunde, nayo imekoza kuliko ngozi ya Wazungu wengi waliozaliwa mbali sana kusini kwao, ambako jua huonekana mwaka mzima.

Fumbo hilo limewashughulisha wataalamu kwa miaka mingi, na jibu lake limekuja kupatikana katika mambo matatu yanayokwenda pamoja: jua, chakula na nasaba. Tena, katika jibu hilo kuna kitu kimoja ambacho mtu wa Rumonge anakifahamu vizuri, nacho ni samaki.

Jambo hili si la udadisi mtupu. Katika nchi hizi za Maziwa Makuu, rangi na umbo la mtu vimewahi kufanywa hoja ya kuwagawa wananchi. Watu wenye ulemavu wa ngozi wamewindwa kama wanyama. Vijana wanajiharibu miili kwa dawa za kujichubua. Na akina mama waliohamia nchi za baridi wanalea watoto wao bila ya kujua kwamba jua la huko silo walilolizoea. Kila moja katika misiba hiyo ina mzizi katika kutoelewa rangi ya ngozi ni kitu gani na inafanya kazi gani.

Inafaa kuanza na jua. Mji wa Rumonge uko yapata digrii 4 kusini mwa Ikweta, kando ya ziwa ambalo uso wake uko mita zipatazo 770 juu ya usawa wa bahari. Mara mbili kwa mwaka, mnamo Machi na Oktoba, jua la adhuhuri husimama karibu sawasawa juu ya utosi, na hata katika miezi mingine haliinami sana. Akina mama wanaoanika dagaa, ambao Warundi huwaita ndagala, wanalijua jua hilo kwa mashaka na kwa manufaa yake. Samaki waliotandazwa asubuhi juu ya mchanga au juu ya vichanja hukauka upesi, na kitu hichohicho kinachowakausha samaki kinaipiga ngozi ya anayewaanika.

Lakini si joto la jua linaloathiri rangi. Ushahidi uko palepale Burundi. Mtu akiondoka katika tambarare ya Imbo iliyo kando ya ziwa na kupanda milima kuelekea Bururi na Mugamba, atafika nchi ya ukungu, yenye kimo cha zaidi ya mita 2,000, ambako watu hujifunika mablanketi asubuhi na jioni. Pamoja na baridi yote hiyo, watu wa milimani si weupe kuliko watu wa pwani. Sababu ni kwamba kinachohusika ni miale ya jua isiyoonekana kwa macho, iitwayo miale ya urujuanimno, na miale hiyo haipungui kwa sababu ya ubaridi wa hewa. Kinyume chake, huongezeka kwa kiasi cha sehemu 10 hivi katika 100 kwa kila mita 1,000 mtu anazopanda.

Dhidi ya miale hiyo mwili wa binadamu una ngao yake, ambayo ni rangi iitwayo melanini. Katika ngozi ya kila mtu, awe Mrundi, Mwarabu, Mchina au Mzungu, zimo chembe zinazotengeneza rangi hiyo, na idadi ya chembe hizo inakaribiana kwa watu wote. Tofauti ni wingi wa melanini inayotengenezwa, aina yake, na ukubwa wa punje zake. Ndiyo kusema kwamba mweusi na mweupe hawakuumbwa kwa vitu tofauti. Wana kiwanda kimoja, ila kiwanda hicho kimeamriwa kutoa mali nyingi mahali pamoja na kutoa kidogo mahali pengine.

Kwa muda mrefu ilidhaniwa kwamba kazi ya melanini ni kuzuia kuungua na saratani ya ngozi tu. Mnamo mwaka 2000, wataalamu wawili wa Marekani, Nina Jablonski na George Chaplin, walieleza sababu nyingine nzito zaidi. Walionyesha kwamba rangi za watu wa asili wa kila nchi zinafuatana kwa karibu sana na nguvu ya miale ya urujuanimno katika nchi hizo, na kwamba miale hiyo ikipenya ngozi huweza kuiharibu folati iliyomo katika damu. Folati ni kirutubisho kinachopatikana katika mboga za majani na katika maharage, ambayo ni chakula cha kila siku cha Warundi. Mama mjamzito akipungukiwa na folati katika majuma ya kwanza ya mimba, mtoto huweza kuzaliwa na kasoro kubwa za uti wa mgongo au za ubongo. Kwa maelezo hayo, ngozi nyeusi chini ya jua la Ikweta ni ulinzi wa kizazi chenyewe.

Asiyeamini thamani ya ngao hiyo na awaangalie ndugu waliozaliwa bila ya kuwa nayo. Watu wenye ualbino wana wazazi weusi, na nasaba yao ni ileile ya jirani zao. Kilichopungua kwao ni uwezo wa kutengeneza melanini, kwa sababu ya hitilafu ndogo katika chembe za urithi walizozipata kwa baba na kwa mama. Chini ya jua la nchi za Ikweta ngozi yao huungua, huota vidonda, na wengi hupatwa na saratani wakiwa bado vijana ikiwa hawakupata kofia pana, nguo za mikono mirefu na mafuta ya kukinga jua. Hiyo ndiyo siri yote ya ualbino. Hakuna uchawi ndani yake, wala hakuna utajiri. Pamoja na hayo, tangu mwaka 2008 Burundi iliingia katika orodha ya nchi ambamo watu hao waliuawa kwa ajili ya viungo vyao, na mwaka 2009 mahakama ya Ruyigi iliwatia hatiani watu kadhaa kwa uhalifu huo, mmoja wao akihukumiwa kifungo cha maisha. Waliouawa walikuwa wanadamu waliokosa rangi, basi.

Hapo msikilizaji anaweza kuuliza: ikiwa melanini ni ngao njema namna hiyo, kwa nini watu wote duniani hawakubaki nayo? Jibu ni kwamba jua si adui peke yake. Miale ileile inayoweza kudhuru ndiyo inayouwezesha mwili kutengeneza vitamini D ndani ya ngozi, na bila ya vitamini hiyo mifupa haishiki chokaa ya kutosha. Mtoto anayeikosa hupatwa na matege: miguu hupinda, kifua huharibika umbo, na nyonga za msichana huweza kusinyaa hata zikaja kumzuia kujifungua salama atakapokuwa mtu mzima. Kwa hiyo ngozi ina kazi mbili zinazovutana kama kamba. Sharti izuie miale iliyozidi, na sharti iruhusu miale inayotosha.

Katika pwani ya Tanganyika miale ni mingi kiasi kwamba hata ile kidogo inayopenya ngozi nyeusi inatosha na kuzidi. Uchunguzi uliotangazwa mwaka 2012 juu ya Wamasai na Wahadza wa Tanzania, watu wanaoshinda nje siku nzima, ulikuta kwamba wastani wa vitamini D katika damu yao ulikuwa nanomoli 115 kwa lita, hali wataalamu wengi huhesabu kwamba 50 zinatosha. Lakini kaskazini mambo ni mengine. Katika mji wa Edmonton, Kanada, ulio digrii 53 na nusu hivi kaskazini mwa Ikweta, wachunguzi walionyesha mwaka 1988 kwamba kuanzia Oktoba hadi Machi jua la huko haliwezi kabisa kutengeneza vitamini D katika ngozi. Mtu anaweza kuota jua la Januari kutwa nzima na asipate chochote.

Binadamu wote wa leo wana asili yao katika Afrika. Wale waliotoka Afrika zamani na kuelekea kaskazini walikwenda na ngozi zao nyeusi, na kwa vizazi vingi wenye ngozi iliyofifia kidogo walikuwa na nafasi bora ya kuishi na kuzaa, hata rangi ikageuka polepole. Wala ubaridi haukuwageuza mara moja. Mwaka 2014 wataalamu walitangaza matokeo ya uchunguzi wa mifupa ya mwindaji aliyeishi Hispania miaka 7,000 hivi iliyopita. Ilionekana kwamba alikuwa na chembe za urithi za ngozi nyeusi, pamoja na za macho ya buluu. Maelfu ya miaka katika Ulaya yalikuwa hayajatosha kumfanya mweupe kama Wazungu wa leo. Wataalamu wengi wanaona kwamba kilimo kilichangia mabadiliko hayo, kwani watu walipoacha kula nyama na samaki kwa wingi na kushika nafaka, chakula chao kilipungukiwa na vitamini D, ikabidi ngozi ifanye kazi ambayo zamani ilisaidiwa na tumbo.

Hapo ndipo fumbo la Wainuiti linapoanza kufumbuka. Katika mji wa Utqiagvik, kaskazini kabisa mwa Alaska, jua hutua mnamo mwezi wa Novemba na halichomozi tena mpaka siku zipatazo 65 zipite. Katika nchi kama hiyo hakuna weupe wa ngozi unaoweza kumsaidia mtu, kwa kuwa hata ngozi iliyo nyeupe kama karatasi haiwezi kunyonya miale isiyokuwapo. Uhai wa Wainuiti ulitegemea kile walichokivua na kukiwinda. Kwa vizazi na vizazi walikula samaki, sili na nyangumi, pamoja na mafuta na maini yake, ambavyo ni vyakula vyenye vitamini D nyingi kuliko karibu vyakula vyote vya dunia. Bahari iliwapa kile ambacho jua liliwanyima, na hivyo haja ya kufifisha ngozi haikuwabana kama ilivyowabana wakulima wa nafaka wa Ulaya.

Tena lipo jambo jingine. Kaskazini hiyo, ambayo majira ya baridi huifunika kwa giza, majira ya kiangazi huwa na mwanga usiku na mchana, na theluji mpya hurudisha juu sehemu zipatazo 80 katika 100 za miale ya urujuanimno inayoipiga. Mwindaji anayetembea juu ya theluji hupigwa na miale kutoka mbinguni na kutoka chini. Kwa kulinganisha, maji ya ziwa hurudisha chini ya sehemu 10 katika 100, na mchanga mkavu wa ufukweni sehemu 15 hivi. Kwa mtu wa namna hiyo, rangi iliyokoza kidogo na inayoweza kuongezeka wakati wa kiangazi ni msaada.

Hata hivyo, jua na chakula havitoshi kueleza kila kitu. Kaskazini mwa Norwe, Uswidi na Ufini wanaishi Wasami, ambao nao tangu kale ni wavuvi na wafugaji wa kulungu wa theluji. Nchi yao iko kaskazini sawa na nchi za Wainuiti wengi, na chakula chao cha asili kilikuwa na samaki tele. Lakini wao ni weupe. Tofauti yao na Wainuiti ni nasaba. Sehemu kubwa ya wazee wa Wasami ni watu wa Ulaya ya kale, hali wazee wa Wainuiti walitoka Asia, wakavuka kwenye mlango wa bahari wa Bering na kuingia Amerika. Mababu wa karibu wa Wainuiti wa leo walienea kutoka Alaska hadi Greenland katika muda wa miaka 1,000 hivi tu iliyopita. Kila watu walifika kaskazini na mzigo wao wa urithi, na urithi haubadiliki kwa kuamriwa na baridi. Hufanya kazi na kile ulichokuwa nacho tangu mwanzo.

Mwaka 2015, uchunguzi wa chembe za urithi za watu wa Greenland ulionyesha kwamba miili ya Wainuiti imebadilika kwa namna nyingine ili kuafikiana na chakula chao, hasa katika jinsi inavyoyatumia mafuta ya samaki na ya wanyama wa baharini. Kwa maneno mengine, nchi ya barafu iliwaachia alama yake, lakini iliitia ndani zaidi, mahali ambapo jicho halifiki. Hili ni funzo kwa wale wanaodhani kwamba wanaweza kumsoma mtu kwa kumtazama usoni.

Funzo hilo lina maana kubwa katika Rumonge. Mji huo umekuwa njia panda ya watu kwa zaidi ya karne moja. Humo wamo Warundi walioteremka kutoka milimani, Wabembe waliovuka ziwa kutoka Kongo, wazao wa wafanyabiashara wa Kiswahili kutoka Ujiji, Wamanyema, na wengine wenye damu ya Kiarabu. Wanasali katika misikiti na makanisa, wananunua mgebuka, yaani mukeke wa Warundi, katika meza zilezile, na rangi zao huanzia weusi wa makaa hadi maji ya kunde. Hata chakula cha hapo kina athari yake ndogo, kwani mawese mekundu, ambayo Rumonge inasifika nayo, yana karotini kwa wingi mno, na mtu anayekula karotini nyingi huweza kuonekana na rangi ya manjano kwa mbali katika viganja na nyayo. Hiyo ni rangi ya mafuta, si ya nasaba, nayo huondoka chakula kikibadilishwa. Faida yake ya kudumu ni vitamini A inayolinda macho.

Ama kuhusu nasaba yenyewe, uchunguzi mkubwa uliotangazwa mwaka 2017, uliohusisha zaidi ya watu 1,500 wa Ethiopia, Tanzania na Botswana, ulivunja mawazo mengi ya kale. Ulionyesha kwamba Afrika peke yake ina rangi nyingi, kuanzia weusi mzito wa watu wa mabonde ya Nili hadi ngozi ya maji ya kunde ya Wasan wa kusini. Ulionyesha pia kwamba chembe za urithi zinazokoza ngozi na zile zinazoifanya ififie zote zimo Afrika, na baadhi yake ni za kale kuliko binadamu mwenyewe wa sasa. Kwa hiyo weupe haukuvumbuliwa Ulaya kama bidhaa ya pekee, wala weusi si kitu kimoja kinachofanana kila mahali. Chembe hizo zimechanganyika kwa watu wote, na ndiyo maana ndugu wa tumbo moja huweza kutofautiana rangi.

Laiti mambo hayo yangejulikana mapema, pwani hii ingeepushwa na uongo mmoja mkubwa. Mnamo Aprili 1858, Waingereza wawili, Richard Burton na John Hanning Speke, walipita hapa kwa mitumbwi wakitokea Ujiji kwenda Uvira. Miaka 5 baadaye, mwaka 1863, Speke alichapisha kitabu ambamo alidai kwamba watawala wa nchi za Maziwa Makuu walikuwa wazao wa wageni bora waliotoka Uhabeshi. Hakuwa na ushahidi ila macho yake na fikra za wakati wake. Dhana hiyo, iliyokuja kuitwa ya Wahamiti, ilichukuliwa na Wajerumani, na baada yao Wabelgiji, wakaifanya msingi wa utawala. Watu wenye lugha moja, mila moja na milima mileile walipimwa vimo na pua, wakaambiwa nani kazaliwa kutawala na nani kazaliwa kulima.

Burundi ilipopata uhuru tarehe 1 Julai, 1962, kasumba hiyo haikushushwa pamoja na bendera ya mkoloni. Maafa yaliyofuata yalikuwa na sababu nyingi za kisiasa, lakini mbegu ya kuwahesabu wananchi kwa nasaba ilikuwa imekwisha kupandwa. Tarehe 29 Aprili, 1972, mashambulizi yaliyoua watu wengi yalizuka katika pwani ya Rumonge na Nyanza-Lac, na mauaji makubwa ya Wahutu yaliyofuata katika nchi nzima yalichukua roho zinazokadiriwa kuwa kati ya 100,000 na 300,000. Ni jambo la kusikitisha na la kuzingatiwa kwamba waliouawa na waliowaua waliota jua lilelile na walikuwa na rangi ileile.

Maafa hayo yaliwatawanya watu wa pwani. Maelfu walikimbilia Tanzania, wakawekwa Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Kuanzia mwaka 2007 maelfu katika wakimbizi hao wa mwaka 1972 walipokelewa Marekani, na Warundi wengine, kwa nyakati mbalimbali, wamehamia Kanada, Norwe na nchi nyingine za kaskazini. Kwa njia hiyo, watoto ambao babu zao walivua dagaa wa Tanganyika wamekuja kuishi karibu na nchi za Wainuiti, nao wameingia katika fumbo lilelile: ngozi ya Ikweta chini ya jua la kaskazini.

Kanada imeliona tatizo hilo. Katika uchunguzi uliotangazwa mwaka 2007, madaktari wa huko walikusanya habari za watoto 104 waliopatwa na matege kati ya mwaka 2002 na 2004. Karibu watoto 9 katika kila 10 walikuwa na ngozi ya maji ya kunde au nyeusi, na wengi kabisa walikuwa wamenyonyeshwa maziwa ya mama bila ya kuongezewa vitamini D. Maeneo ya kaskazini ya mbali, wanakoishi Wainuiti na watu wengine wa asili, ndiyo yaliyokuwa na kiwango kikubwa kuliko yote. Hapo mtoto wa Kiinuiti na mtoto wa mhamiaji wa Kiafrika walikutana katika chumba kimoja cha daktari. Mmoja kwao kumeanza kuachwa sili na samaki, na kushikwa vyakula vya dukani. Wa pili ameliacha jua la kwao nyuma. Chanzo ni viwili, lakini mifupa inapinda namna moja.

Dawa yake si ghali wala si ya siri. Maziwa ya mama yanabaki kuwa chakula bora kabisa cha mtoto mchanga, lakini yana vitamini D kidogo. Kwa sababu hiyo, wakuu wa afya wa Kanada wanashauri kwamba mtoto anayenyonya apewe matone yenye vipimo 400 vya vitamini D kila siku. Kwa watu wazima, samaki wenye mafuta ni msaada mkubwa. Jamaa aliyebaki Rumonge anapomwandikia binti yake aliye ughaibuni, hapana budi amkumbushe jambo hilo kama anavyomkumbusha kuvaa nguo nzito. Anayelea mtoto huko na amwulize daktari wake mapema, asingoje miguu ianze kupinda.

Wakati watu wa kaskazini wanahangaika kutafuta kile ambacho jua limewanyima, hapa wako wanaoitupa ngao yao kwa hiari. Dawa za kujichubua, ambazo katika nchi nyingi za Waswahili huitwa mkorogo, zinauzwa katika masoko ya Maziwa Makuu zikiwa na zebaki, hidrokinoni au dawa kali za aina ya steroidi. Zebaki huizuia ngozi kutengeneza melanini, lakini haikai juu ya ngozi tu. Huingia mwilini, huharibu mafigo, na kwa mama mjamzito humfikia mtoto tumboni. Steroidi huifanya ngozi kuwa nyembamba, hata kidonda kidogo kikawa kigumu kupona. Kisha mtu huyo anatoka akiwa na uso uliovuliwa ngao yake na kusimama chini ya jua la digrii 4. Mwishoni mwa mwaka 2018 serikali ya Rwanda ilianzisha msako mkali dhidi ya vipodozi hivyo, na Mkataba wa Minamata, ulioanza kutumika mwaka 2017, umeyataka mataifa kuondoa zebaki katika vipodozi. Lakini sheria peke yake haitoshi maadamu kasumba ingali imo vichwani. Msichana anayejichubua hakuzaliwa na chuki ya uso wake; alifundishwa, na kilichofundishwa kinaweza kufundishwa upya.

Basi, ukweli ambao elimu imeudhihirisha unaweza kusemwa kwa maneno machache. Rangi ya ngozi ni habari ya jua lililowaangaza wazee wa mtu, chakula walichokula, na njia waliyopita mpaka wakafika. Inamweleza daktari ni kinga gani mtu anaihitaji, na hapo ina faida kubwa. Haielezi akili ya mtu, wala uaminifu wake, wala haki yake ya kutawala au kutawaliwa. Mwindaji wa Kiinuiti aliyeokolewa na samaki wa bahari ya barafu, na mama wa Rumonge anayeanika ndagala kwenye mchanga wa Tanganyika, kila mmoja amevaa vazi linalomfaa mahali pake. Mwenye busara hulitunza vazi lake, na akihamia nchi nyingine hujua la kuongeza. Kulidharau vazi la mwenziwe, au kulichana la kwake mwenyewe, ni ujinga ambao pwani hii imekwisha kuulipia gharama ya kutosha.